Kirusi cha kichaa cha mbwa kinapandaje mpaka ubongoni, na hizi chipu za kuotesha neva zinafanyaje kazi?

Afisa_Mifugo_Moro

Wakuu habari za jioni. Mimi ni afisa mifugo, kazi yangu kubwa ni kuchanja mbwa na kufuatilia watu waliong'atwa huku vijijini. Kwenye semina moja hivi karibuni mtoa mada alionyesha picha ya kipande cha mpira mwangavu, sentimita mbili kwa tatu hivi, akasema ndani yake zimeoteshwa seli za neva na kwa kifaa hicho watafiti wamekitazama kirusi cha kichaa cha mbwa kikitembea ndani ya neva laivu kabisa. Muda ukamwishia akaruka slaidi, mimi nikabaki na maswali kibao.

Naomba mwenye kujua anieleweshe kwa lugha ya kawaida. Sahani ya petri naijua, seli zinakaa humo unaziangalia kwa hadubini, sasa hii chipu inaongeza nini ambacho sahani haina? Halafu la pili ndo linaniuma zaidi. Huku watu wanauliza sana, inakuwaje mtu ang'atwe mguuni mwezi wa tatu, kidonda kipone kabisa, alime, avune, halafu mwezi wa sita ndo aanze kuogopa maji, ile dalili ya kichaa cha mbwa? Jibu linalozunguka ni kwamba kirusi kinatembea polepole sana kwenye neva. Hilo limewahi kupimwa na mtu au tunarithishana tu?

kijana_wa_ilala

Swali zito hili mkuu. Naweka kambi hapa nasubiri wataalamu.

Mama_Seli

Afisa, shikamoo kama umenizidi umri. Nimefanya kazi na hizi chipu kwenye maabara ya neva, ngoja nijaribu.

Anza na umbo la seli yenyewe. Seli ya neva ina mwili, ambako kiini kinakaa, halafu ina uzi mmoja mrefu unaoitwa akzoni. Ile inayohisi kidole gumba cha mguu wako mwili wake uko pembeni ya uti wa mgongo huku kiunoni na uzi wake unashuka mguu mzima, kwa mtu mzima ni kama mita nzima hivi, na hiyo yote ni seli moja. Sasa ukizimwaga seli za namna hiyo kwenye sahani ya kawaida zinaotesha nyuzi kila upande, zinasukana ovyo, na ukiweka dawa au kirusi kinagusa kila kitu kwa mpigo. Seli ikifa hujui balaa lilianzia kwenye uzi au kwenye mwili. Na kwenye magonjwa ya neva hilo ndo swali lenyewe, kwa sababu mwili wa binadamu haufanyi hivyo, mbwa anang'ata mguuni sio kwenye uti wa mgongo, kwa hiyo kirusi kinakutana na ncha ya uzi tu.

Chipu inatenganisha. Ni kipande cha mpira wa silikoni, watu wa maabara wanauita PDMS, unapitisha mwanga na hewa. Upande wa chini una vyumba viwili virefu vilivyolala sambamba, katikati ukuta, na chini ya ukuta inapita mifereji midogo mingi. Ile waliyoichapisha kina Anne Taylor na Noo Li Jeon wa Chuo Kikuu cha California, Irvine, mwaka 2005, mifereji yake ilikuwa na upana wa mikromita 10 (mikromita ni milimita moja ukiigawa mara elfu), kimo mikromita 3 na urefu mikromita 450. Angalia hicho kimo. Mwili wa seli ya neva una mikromita kumi na kuendelea, kwenye kimo cha 3 haupiti, uzi unapita. Basi unamwaga seli chumba cha kushoto, unarudisha kwenye inkubeta, ndani ya wiki hivi unaona nyuzi zinachungulia chumba cha kulia, na kule hakuna mwili hata mmoja, ni nyuzi tupu. Na huo urefu nao una maana yake, zile nyuzi fupi za seli, dendraiti, kwa kawaida hazifiki mwisho wa mfereji, zinakatia njiani, kwa hiyo kinachotokea upande wa pili ni akzoni.

Wazo lenyewe sio jipya. Robert Campenot alilifanya mwaka 1977 kwa mkono, ukuta wa teflon, grisi ya silikoni chini yake, na mikwaruzo kwenye sahani iliyopakwa kolajeni ili nyuzi zipate njia ya kufuata. Akaonyesha kwamba nyuzi zinakua na kubaki hai kule tu ambako ipo ile protini ya kukuza neva, NGF, aliyoigundua Rita Levi-Montalcini na kumpatia Nobel mwaka 1986 pamoja na Stanley Cohen. Kwa hiyo uzi una mambo yake unayojiamulia kule mwisho bila kusubiri mwili. Lakini vifaa vya Campenot vilihitaji mikono ya ustadi sana, ukikosea grisi kidogo vinavuja. Kilichofungua mlango ni mbinu za kina George Whitesides pale Harvard miaka ya 90, unachonga umbo mara moja kwenye kalibu halafu unamwagia silikoni unabandua, unamwagia tena unabandua, kila nakala inatoka vilevile.

Kwenye kazi ya Irvine kuna jaribio moja nalipenda mpaka leo. Nyuzi zikishajaa chumba cha kulia wanaweka pipeti ya vakyumu pale kwenye tundu la chumba, wananyonya maji yote kwa ghafla, nyuzi zinakatika pale pale mdomoni mwa mifereji, miili upande wa pili haijaguswa kabisa. Halafu wanajaza chakula cha seli upya na kuangalia nani anaota tena. Kwenye mnyama huwezi kupata mkato msafi hivyo, ukikata uti wa mgongo umekata na mishipa ya damu, uvimbe unaingia, kovu linaingia, hujui tena unapima nini.

Dkt_Kichaa_cha_Mbwa

Asante Mama Seli umenirahisishia. Mimi nashughulika na virusi, nachukua swali la pili.

Afisa, mwendo ulishapimwa. Henri Tsiang na wenzake wa Institut Pasteur, Paris, walitumia sahani zenye vyumba, ukoo uleule wa Campenot, kwa seli za neva za hisia za panya na baadaye za binadamu. Kirusi kiliwekwa upande wa nyuzi peke yake, wakangoja kuona kinaibukia lini kwenye miili. Kwa seli za binadamu, mwaka 1991, walipata kama milimita 50 hadi 100 kwa siku. Piga hesabu. Toka kwenye kifundo cha mguu mpaka uti wa mgongo wa mtu mzima tuseme mita moja, basi ni siku 10 mpaka 20. Lakini WHO wanasema dalili mara nyingi huja baada ya miezi 2 hadi 3, ingawa inaweza kuwa wiki moja na inaweza kuwa mwaka.

Sasa zile wiki nyingine zimeenda wapi? Safari haizimalizi. Kinachoaminika zaidi ni kwamba kirusi kinajibanza pale pale jeraha lilipo, kwenye misuli, kinazaliana taratibu au kinatulia tu kabla hakijapata mlango wa kuingia kwenye ncha ya neva. Kikishaingia kinakwenda mbio. Kwa hiyo mimi nikiwa kijijini ningelijibu hilo swali hivi: kirusi kilikuwa bado mlangoni, na muda huo ndo wa kukimalizia. Ndo maana tunasisitiza kuosha jeraha kwa maji yanayotiririka na sabuni dakika 15, siku hiyohiyo, na kwenda kuanza chanjo bila kungoja mbwa aonekane ana nini, na jeraha likiwa limetoka damu mtu apate na zile kingamwili za kuzungushia kidonda. Hivyo vyote vinamkuta kirusi kabla hajaingia kwenye uzi. Akishaingia kingamwili zinapata shida sana kumfikia.

Na hiyo picha uliyoona semina nahisi ni ya kina Eran Perlson, Chuo Kikuu cha Tel Aviv, walichapisha 2014. Waliotesha seli za hisia za panya kwenye chipu ya namna aliyoeleza Mama Seli, wakakivisha kirusi rangi inayong'aa, wakakiweka chumba cha nyuzi tu. Kila nukta inayong'aa ukiikuta ndani ya mfereji una uhakika imetoka nchani inapanda kwenda kwenye mwili, haina pengine pa kutokea. Na kwa kuwa mfereji umenyooka unapima mwendo kwa rula tu. Walichokuta kinatisha kidogo, kirusi kinajishika kwenye kipokezi kiitwacho p75NTR, ambacho kazi yake halali ni kubeba ile NGF aliyoitaja Mama Seli kuipeleka juu, na kikishapanda humo kinakwenda haraka kuliko NGF yenyewe. Yaani kinaiba gari halafu kinakanyaga mafuta zaidi ya mwenye gari.

Afisa_Mifugo_Moro

Aisee. Hii ya "kirusi kilikuwa bado mlangoni" naichukua, kesho kuna kikao cha kata nitaieleza hivyohivyo maana inampa mtu sababu ya kukimbia kituoni, sio kukaa akisema neva ni ndefu.

Ila bado jambo moja Mama Seli. Vyumba viwili vimeunganishwa na mifereji, kirusi ni kidogo sana, kitashindwaje kuelea tu kwenye maji kikavuka kwenda upande wa miili bila kupanda neva yoyote? Mbona hapo majibu yote yangekuwa ya uongo.

Mama_Seli

Umeuliza swali ambalo wahakiki wa majarida huuliza la kwanza. Jibu ni kina cha maji. Ukitaka kirusi kibaki upande wa nyuzi, unajaza upande wa miili zaidi kidogo, tofauti ya kama mikrolita 50 inatosha. Maji yanataka kusawazisha, yanasukumana kwenda upande wa nyuzi kupitia mifereji, lakini mifereji ni myembamba mno kwa hiyo yanapita kidogo kidogo kwa masaa mengi, na muda wote huo mkondo unamrudisha kirusi alikotoka. Unakuja asubuhi unarekebisha kina tena. Na mtu makini anaweka rangi pamoja na kirusi, akiona rangi upande wa miili hiyo chipu inaondolewa kwenye hesabu. Pia unakuwa na chipu ambazo nyuzi hazijavuka bado, ukiweka kirusi kule na miili ikabaki salama unajua hakipiti kwa kuogelea.

Binti_Famasia_Mbeya

Nimesoma mjadala huu wote kwa hamu. Naomba niongeze upande wa dawa, maana hili la "tatizo limeanzia wapi" kwetu ni la kila siku.

Wanaokumbuka stavudine kwenye ARV za zamani wanakumbuka ganzi na moto wa nyayo, watu walikuwa wanashindwa kuvaa viatu, mpaka WHO 2009 wakashauri nchi ziiache taratibu. Kwenye saratani bado tunaishi nayo. Watoto wenye limfoma ya Burkitt, ile aliyoieleza Denis Burkitt akiwa Uganda mwaka 1958, wanapewa vinkristini, na paklitaksel wanapewa akina mama wenye saratani ya matiti na wagonjwa wa saratani ya Kaposi. Zote mbili zinashambulia mikrotubuli, ile mirija midogo inayobeba mizigo ndani ya akzoni, ndo maana ganzi inaanza kwenye vidole vya miguu ambako uzi ni mrefu kuliko kote. Mgonjwa anaanza kushindwa kufunga kifungo cha shati, na ikizidi daktari analazimika kupunguza dozi ya dawa inayomtibu saratani.

Pale Johns Hopkins mwaka 2009 waliweka paklitaksel kwenye chipu ya vyumba, safari hii upande wa nyuzi tu, nyuzi zikanyauka miili ikiwa mizima. Na upande wa miili tu, nyuzi zilivumilia zaidi. Hiyo inabadilisha mahali pa kutafuta kinga, unajua unatafuta kitu kitakachoulinda uzi kule mwisho. Kwa sasa hatuna dawa ya kuzuia ganzi hiyo ambayo mtu anaweza kuitegemea, kwa hiyo kila kipande cha ufahamu kinahesabika.

Mzee_wa_Tabata

Wanangu nawasoma, mnaeleza vizuri. Lakini niseme ukweli wangu. Mjukuu wa jirani alizungushwa vituo viwili kutafuta chanjo ya kichaa cha mbwa, kote wakaambiwa imeisha. Watu karibu elfu 59 duniani wanakadiriwa kufa kila mwaka na ugonjwa ambao chanjo yake ipo tangu Pasteur, 1885. Hapo fedha ziende kwenye chipu au kwenye chanjo?

Dkt_Kichaa_cha_Mbwa

Shikamoo mzee. Kama ni shilingi moja tu iliyobaki mfukoni iende kwenye chanjo, sibishani hata kidogo. Ukichanja asilimia 70 ya mbwa na kurudia kila mwaka ugonjwa unakatika, Pemba wameonyesha, ulitoweka, ukaingizwa tena 2016, wakachanja tena ukatoweka tena. Hakuna chipu iliyofanya hiyo, ni watu kama Afisa hapa na majokofu yao ya chanjo.

Ila kuna yule ambaye ameshaanza kuogopa maji. Kwake leo hatuna kitu mzee, tunamtuliza maumivu na kukaa na familia yake. Huyo hatapata dawa mpaka mtu ajue kirusi kinapanda vipi na kinaweza kuzuiwa wapi njiani, na hiyo haiwezi kuonekana ndani ya mgonjwa. Mimi nimeshakaa na familia hizo, siwezi kusema utafiti huo ungoje mpaka mbwa wote wachanjwe.

Mzee_wa_Tabata

Marahaba. Nimekuelewa. Basi vyote viwili, lakini chanjo kwanza.

Mama_Seli

Na mzee ana haki ya kutudai tusizipambe. Chipu sio ubongo. Haina damu inayozunguka, haina kinga ya mwili isipokuwa umeiweka mwenyewe, na huo mpira wa PDMS una tabia ya kunyonya baadhi ya dawa zinazopenda mafuta, unaweza kudhani umeweka dozi kumbe nusu imeingia ukutani. Seli nyingi tunazotumia ni za panya wachanga. Tangu Shinya Yamanaka aonyeshe, 2006 kwa panya na 2007 kwa binadamu, kwamba seli ya ngozi inaweza kurudishwa utotoni, sasa watu wanatengeneza neva za mgonjwa mwenyewe kutoka kwenye ngozi yake, lakini gharama yake kubwa na zinachukua wiki nyingi kukomaa.

mwanabayo_eldoret

Niaje wadau, nawasoma kutoka Kenya. Kama kuna mtu anajiuliza hii kitu inaweza anzia aje huku kwetu, mi ningesema msianze na seli za panya, anzeni na mnyoo, C. elegans. Huyu mdudu ni milimita moja, anakula bakteria, toka yai hadi mkubwa ni siku tatu hivi, na ana neva 302 tu, ramani ya jinsi zimeunganika ilitoka 1986. Haitaji inkubeta ya gesi wala media ya bei. Maabara ya Cornelia Bargmann huko Rockefeller, New York, 2007 walitoa chipu ambayo mnyoo anaingizwa kwa mfereji unaomtosha, anabaki ametoa pua tu, unapitisha harufu mbele ya pua halafu unabadilisha, na unaona neva gani inawaka kila harufu ikiingia au ikitoka. Mnyoo mzima, hai, hajapewa dawa ya usingizi. Kwa mwanafunzi wa masters hiyo ni kazi inafanyika.

Pia hapo Ishaka, Uganda, TReND in Africa wamekuwa wakifundisha neurosayansi kwa kutumia nzi wa matunda tangu 2011, na vifaa vingine wanavitengeneza wenyewe. Kwa hivyo watu wako.

Sasa swali langu kwa Mama Seli, kalibu tunaweza agiza nje, silikoni tunaweza changanya hapa. Ile mashine ya plazma (gesi yenye umeme, si ile ya damu) ya kugandisha chipu kwa kioo inachokalia hatuna. Tutafanyaje?

Mama_Seli

Kaka wa Eldoret umenena, mnyoo ni njia nzuri sana.

Kalibu moja ukiitunza inatoa nakala nyingi mno, kwa hiyo agiza moja nzuri. Silikoni changanya sehemu 10 kwa 1 ya kigandishi, koroga mpaka ijae mapovu meupe, weka kwenye desiketa, chombo kinachofungwa na kunyonywa hewa kwa vakyumu, mpaka mapovu yaishe, mwagia, oveni nyuzijoto 70 masaa mawili matatu, bandua.

Plazma kwa chipu ya neva sio lazima. Silikoni safi inajishika yenyewe kwenye kioo safi ukiibonyeza kwa vidole, utaona inavyokamata, kivuli cha hewa kinakimbia kuelekea pembeni. Sharti kioo kiwe kikavu. Unapaka kioo poli-lisini, ile inayosaidia seli kushika, usiku kucha, unasuuza mara kadhaa kwa maji safi, halafu unakiacha kikauke kabisa kwenye kabati la hewa safi, ukiona bado kuna ukungu ngoja. Kikiwa na unyevu chipu itaonekana imeshika, utamwaga seli, siku ya tatu utakuta miili imetambaa chini ya ukuta na vyumba havina maana tena. Kwa mnyoo hapo lazima igande kweli kwa sababu unasukuma maji kwa presha, tafuta chuo chenye plazma ukagandishe nyingi kwa siku moja, zinakaa.

Na mapovu ya hewa ndo adui mkubwa kuliko vyote. Weka tone kwenye tundu la kwanza, ncha ya pipeti ielekee mdomo wa chumba lakini usiiingize, ngoja maji yavutwe yenyewe mpaka tundu la pili, ndipo ujaze lile la pili. Ukiona povu limekaa kwenye mifereji usilisukume kwa pipeti, rudisha chipu yote kwenye desiketa dakika chache, linatoka lenyewe.

mwanabayo_eldoret

Shukran sana dada. Na hiyo kalibu, ni ya silikoni ngumu kama ile ya elektroniki, si ule mpira, ama kuna bei nafuu?

Mama_Seli

Ile ya bamba la hiyo silikoni ngumu yenye utando wa SU-8, plastiki inayochongwa kwa mwanga, ndo inayotoa mifereji ya mikromita 3 bila shida. Kwa chipu ya mnyoo mkubwa mfereji ni mpana zaidi, makumi ya mikromita, kwa hiyo hapo hata kalibu zisizo za ubora huo zinaweza kukutosha kuanzia. Niandikie inboksi nikutumie mchoro.